Nyama, Nguo na Leseni

Siku wageni waliposhuka Kilwa, mwenye kisiwa alikuwa ameenda bara kuwinda. Ndivyo kinavyosimulia kitabu cha Kiarabu cha historia ya Kilwa kilichoandikwa karne ya 16. Wageni hao wa Kishirazi walimkuta pale Mwislamu mmoja, kitabu kinamwita Muriri wa Bari, akawaeleza habari za mahali. Mwenye kisiwa aliporudi, wakamwambia wanataka kukaa. Akakubali kuwauzia kisiwa kwa nguo, nguo za kutosha kukizunguka chote. Akapewa, akavuka kwenda bara, na kitabu kinaongeza kwamba alikuwa na nia ya kurudi na jeshi. Wageni nao wakauchimba ule mkondo uliokuwa ukivukwa kwa miguu maji yakipwa, na jamaa akakosa pa kupita. Habari zake zinaishia hapo.

Kisa hiki nilikisoma shuleni Kahama, nikiwa nimeshakula visa vya huku kwetu vya kunitosha, na kuna jambo lilinikwama. Katika visa vya bara mwindaji hapotezi nchi. Mwindaji ndiye anayekuja na mbwa wake na nyama yake mabegani, na mwisho wa kisa anakuwa mtawala. Pwani mwindaji ni mwenyeji aliyeondoka nyumbani siku mbaya. Kazi ni ile ile, ila majaliwa yamegeuzwa juu chini. Tangu hapo sijaacha kuvipima visa hivi pamoja, na nikivipima huku nimekaa Shinyanga au Geita, ambako kila mtu wa tatu unayemsalimia alizaliwa kwingine, vinazungumzia mambo ya juzi na ya leo.

Mwindaji maarufu kuliko wote katika maandishi ya Kiswahili ni Mbegha. Abdallah bin Hemedi 'l-Ajjemy, mtu aliyekaa na Wakilindi, watawala wa Usambara, na kuwatumikia, alimwandika katika *Habari za Wakilindi*, kazi iliyochapwa na wamisheni mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20. Mbegha anatoka Nguu. Ni kigego, meno ya juu yalitangulia kuota, kwa hiyo ndugu zake hawamtaki. Anawinda nguruwe mwitu. Anafika milima ya Usambara akiwa na nyama, wenyeji wana chakula cha shambani, na mabadilishano yanaanzia hapo: wao wanampa vyakula vyao, yeye anawapa nyama. Anawaamulia magomvi. Anapewa mke. Anaua simba. Wanamfanya mfalme, na mji wao mkuu unakuwa Vuga.

Ukikisoma haraka utadhani ni kisa cha shujaa. Kisome taratibu, umwangalie anayetoa na anayepokea. Mbegha hanunui kitu. Nyama hailipi mara moja ikaisha. Nyama inaliwa leo, kesho watu wana njaa tena, na mwindaji lazima arudi porini. Uhusiano wake na wenyeji ni deni la kila siku kwa pande zote mbili. Siku atakayokuja mikono mitupu, kuna swali litakaloulizwa.

Usukumani na Unyamwezini swali hilo liliwekewa watu wa kuliuliza. Mapokeo ya tawala nyingi za huku yanasema ntemi wa kwanza alitoka nje, mara nyingi magharibi, na mara nyingi alikuwa mwindaji. Jina lenyewe linatokana na kutema, yaani kukata. Wapo wanaosema ni kukata pori la kwanza, wapo wanaosema ni kukata maneno ya watu wanaogombana. Lakini ntemi hakujiweka. Walikuwapo banang'oma, wazee wa ikulu, ambao ndio waliomchagua, na mvua ikikataa miaka mingi, waliweza kumwondoa. Mgeni alipewa kiti, na mwenyeji akabaki ameshika mguu wa kiti. Utemi ulifutwa na serikali 1963, kwa hiyo hayo tunayasema kama watu wanaosimulia nyumba ya babu iliyokwisha bomolewa.

Niseme na hili la majina, maana linachekesha kidogo. Sukuma maana yake ni kaskazini. Dakama ni kusini, Kiya ni mashariki, Ng'weli ni magharibi. Wasukuma ni watu wa kaskazini kwa sababu aliyewaita hivyo alikuwa amesimama kusini kwao, kwa Wanyamwezi; nao Wanyamwezi jina lao walipewa na watu wa pwani. Kabila kubwa kuliko yote nchini limeitwa kwa dira ya jirani. Hata kabla hujauliza nani alitoka wapi, jina limeshakwambia kwamba watu hawa walijulikana kwa kutazamwa kutoka mahali fulani na mtu aliyekuwa akipita.

Kilwa nayo ina toleo la pili. Mbali na kitabu cha Kiarabu, yako masimulizi ya Kiswahili yaliyoandikwa wakati wa Wajerumani, na humo mwenye kisiwa ana jina: Mrimba. Nguo zimo, zinatandazwa. Ila safari hii mgeni, Sultani Ali bin Selimani, anamwoa kwanza binti wa Mrimba. Baba mkwe anapokea nguo, anahamia bara upande wa Ruvuma. Kisha mtoto anazaliwa, anakua, anakwenda kumtazama babu yake, na babu anamwachia madaraka yake.

Linganisha. Kwa mwandishi wa Kiarabu, nguo zinafunga hesabu: bei imelipwa, mkondo umechimbwa, aliyeuza hana tena sauti. Kwa msimulizi wa Kiswahili, nguo peke yake hazitoshi kumpa mtu nchi. Mpaka apatikane mjukuu mwenye damu ya pande mbili, aende kwa miguu yake akapokee. Wataalamu wanaobishana kama Washirazi walikuwapo kweli au hawakuwapo nawaachia ubishi wao. Mimi naona msimulizi huyu wa pili alikuwa karibu zaidi na Mbegha na banang'oma kuliko alivyokuwa karibu na mwenzake wa Kilwa aliyeandika kwa Kiarabu. Yawezekana mpaka kati ya tabia hizi mbili haupiti kati ya pwani na bara. Unapita kati ya anayeandika hati na anayesimulia jioni.

Wapo pia waliokuja bila nyama wala nguo. Mwaka 1835 Wangoni wa Zwangendaba walivuka Zambezi wakitoka kusini. Zwangendaba alifia Ufipa, watu wake wakagawanyika, na kundi moja, Watuta, likapanda kaskazini likipiga vita hadi Usumbwa. Wakaweka makao Runzewe, ambayo leo iko Mkoa wa Geita, mji wa barabarani ambako basi linasimama abiria wanunue mahindi ya kuchoma. Walikuja na mkuki. Kwa kipimo cha visa vilivyotangulia hawakustahili chochote. Lakini angalia kilichotokea baadaye: Mngoni na Msukuma, Mngoni na Mnyamwezi, ni watani. Mjukuu wa aliyechoma kijiji na mjukuu wa aliyechomewa wanatukanana msibani huku wakicheka, na mtani ana haki ya kuzuia jeneza mpaka apewe chochote. Vita iligeuzwa deni linalolipwa kwa matani kizazi hadi kizazi. Wasomi huuandika utani kama burudani ya makabila. Kwangu ni moja ya hati za uhamiaji zilizo bora kuliko zote tulizowahi kutunga, na haina muhuri.

Hapo Usumbwa napo palitoka mtu aliyefanya safari ya kinyume. Msiri, mtoto wa Kalasa mfanyabiashara wa shaba, aliondoka nyanda hizi katikati ya karne ya 19, akafika Katanga na wenzake walioitwa Wayeke, akaanza kama mgeni wa machifu wa kule, akamaliza akiwa mtawala wa Garenganze, mji wake Bunkeya. Pembe, shaba, chumvi, watumwa, vyote vilipita mikononi mwake. Alioa wake wengi kutoka pande nyingi, jambo ambalo msimulizi wa Mrimba angelielewa mara moja. Lakini aliwakandamiza waliompokea, na Desemba 1891 msafara uliotumwa na Mfalme Leopold wa Ubelgiji ulipompiga risasi akafa, wengi wa wenyeji hawakulia. Mgeni aliyesahau kwamba alipokelewa alikutana na wageni wasiojua kabisa maana ya kupokelewa. Ukoo wake upo hadi leo. Mjukuu wake Godefroid Munongo alikuwa waziri wa mambo ya ndani wa Katanga iliyojitenga na Kongo 1960.

Basi turudi Geita yenyewe.

Kabla ya dhahabu kuwa habari, hii ilikuwa Uzinza. Watawala wake walikuwa Wahinda, nao kwa masimulizi yao walitoka magharibi. Porini walikuwamo Warongo, mafundi wa kuyeyusha chuma, watu wa tanuri na mivukuto, waliojua mawe ya nchi hii karne nyingi kabla ya mjiolojia wa kwanza kuweka mguu. Sehemu kubwa ya nchi ilikuwa ya mbung'o. Shinyanga ndiko Waingereza walikoweka utafiti wao wa mbung'o chini ya Charles Swynnerton, na huko huko ndiko watu na ng'ombe walikokuwa wamebanana hadi udongo ukachoka. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia mpango wa maendeleo wa Usukuma, ulioanza 1947, ukafyeka mapori, ukachimba mabwawa, na kuwasukuma watu, samahani kwa mchezo wa maneno, kuelekea magharibi hadi Geita. Walikuja na ng'ombe na mbegu za pamba. Wazinza wakaanza kuwa wachache kwao wenyewe. Sijawahi kukutana na kisa kinachojulikana na watu wengi kinachosema mfyekaji wa kwanza wa Kisukuma alimpa nini Mzinza aliyemkuta. Mfyekaji alipewa ardhi na ofisi ya wilaya.

Pengo linaanzia hapo, na dhahabu ililikuta pengo tayari limekaa.

Mgodi wa Geita ulifanya kazi tangu miaka ya 1930 hadi 1966, ukafungwa. Upande wa Shinyanga, mwaka 1940 Mkanada John Williamson aligundua almasi Mwadui, na eneo likawekewa uzio na walinzi. Kilwa ilizungushiwa nguo, Mwadui ikazungushiwa waya. Katika miaka ya 1990 milango ilipofunguliwa kwa mitaji mikubwa, hadithi ikaenda mbio: Bulyanhulu, ambako kati ya Julai na Agosti 1996 wachimbaji wadogo waliondolewa ili mgodi mkubwa uingie, na madai kwamba baadhi yao walifukiwa mashimoni yakakanushwa na serikali na kampuni na kubishaniwa miaka mingi; Geita, ambako mgodi mkubwa wa kisasa ulifunguliwa 2000; Buzwagi pale Kahama, uliofunguliwa 2009 na kufungwa 2021, yaani ulizaliwa na kufa kabla mtoto wa jirani hajamaliza shule. Mkoa wa Geita ulianzishwa 2012, na sensa ya mwaka huo ikahesabu watu kama milioni 1.7. Sensa ya 2022 ikakuta karibu milioni 3. Kuzaa kumo, Wasukuma kwa hilo hatujambo, lakini mtu akitembea Katoro jioni, akasikia Kiha, Kihaya, Kikurya, Kinyaturu na Kirundi katika mtaa mmoja, haulizi idadi imetoka wapi.

Chombo cha mgeni wa sasa ni leseni. Leseni inatolewa na serikali kwa sababu madini yaliyo chini ni ya Jamhuri. Mwenye shamba ana udongo wa juu tu. Akilazimika kuhama, anakuja mthamini. Anahesabu miembe, migomba, mihogo, vyumba vya nyumba, choo. Makaburi nayo yana utaratibu wake wa kuhamishwa. Mwenye shamba anasaini, anapigwa picha ameshika kibao chenye namba, anasubiri malipo. Yakitoka, hesabu imefungwa. Ni mwandishi wa Kiarabu wa Kilwa kabisa: bei imelipwa, mkondo umechimbwa. Tena yule mwenye kisiwa alikuwa na faida moja. Bei ya nguo aliitaja mwenyewe.

Nisionekane naonea. Kampuni kubwa zinalipa kodi na mrabaha, zinalipa halmashauri ushuru wa huduma unaohesabiwa kwa mapato yao, na tangu mabadiliko ya sheria ya madini ya 2017 zinatakiwa kuwa na mpango wa kila mwaka wa uwajibikaji kwa jamii. Geita kuna madarasa, zahanati na taa za barabarani zilizotokana na hayo. Lakini angalia fedha inamwendea nani. Inakwenda halmashauri. Mwenye mwembe aliyeondolewa 1999 anaitazama taa ile akipita, kama mimi ninavyoitazama nikipita. Hana nayo undugu zaidi yangu. Na utani na kampuni hauwezekani, nimejaribu kuwaza ungekuwaje, nimeshindwa.

Sasa linganisha na rashi. Watu wa mjini wakisikia rashi wanaona fujo: dhahabu imeonekana shambani kwa mtu, wiki ya pili pana mahema ya turubai, mama lishe, mafundi simu, baa yenye jenereta, wachimbaji kutoka Chunya na Mererani. Fujo imo. Lakini kaa kwenye mgao. Nilikaa kutwa nzima upande wa Nyarugusu, juu ya gogo, jirani na duara, yaani shimo la kuchimbia, lililoimarishwa kwa matimba ya mbao mbichi zinazonuka utomvu. Kutoka chini ilisikika sauti, kamba ikakazwa, mfuko mmoja wa mawe ukapanda. Ukapangwa kwenye mstari. Kijana aliyevaa ndala alikuwa na daftari la shule, jalada lina picha ya twiga, anachora kistari kwa kila mfuko. Jioni mstari ukagawanywa mbele ya wote: ya serikali, ya mwenye leseni, ya mwenye shamba, ya mwenye duara aliyelisha watu na kununua matimba, na ya wachimbaji wenyewe. Mwenye shamba alikuwa bibi. Hakuja. Yule kijana wa daftari ndiye mjukuu wake, alihesabu mifuko ya bibi mara mbili, akaifunga kwa kamba ya katani, akaomba aazimwe toroli. Watu wakamwita mwenye nchi kwa utani, akacheka.

Mawe yakaenda karashani yakasagwa, unga ukaenda mwaloni ukaoshwa juu ya magunia, na mwisho mwanamama mmoja akamimina zebaki beseni, akakoroga kwa mkono mtupu, akakamua kwa kipande cha khanga kilichochakaa mpaka zebaki ikatoka kwa matone na ndani ya kitambaa ikabaki punje ya kijivu isiyozidi harage. Nguo tena, nikajisemea. Punje ikachomwa, ikawa njano, ikapimwa kwa pointi. Mkono wa yule mama ulikuwa na ngozi nyeupe kwenye vidole, na sikuwa na la kumwambia ambalo hajaambiwa na bwana afya.

Mgao ule ni Mbegha. Kila mfuko unaopanda una sehemu ya mwenyeji ndani yake. Mfuko usipopanda hakuna anayepata. Hakuna siku hesabu inafungwa mpaka mwamba uishe. Wahamiaji wasio na wazee, wasio na banang'oma, waliotoka mikoa kumi, bila kukumbushwa na mtu wamerudi kwenye kanuni ya zamani ya bara kwamba anayechimba kwa mtu anaendelea kumlisha. Na wale wenye mawakili na hati zote wamerudi kwenye kanuni ya nguo.

Siipambi rashi. Mwenye leseni mara nyingi ni mtu wa Mwanza au Dar es Salaam ambaye hajawahi kuliona shamba, na sehemu yake ni nono kuliko ya bibi. Daftari lenye twiga linaweza kuongopa. Rashi ikihama shamba linabaki matundu matupu yanayomeza mbuzi, na zebaki iko kwenye kijito. Maduara yanaporomoka. Oktoba 2015 pale Nyangarata, Kahama, duara liliwafukia watu, na watano walitolewa wakiwa hai baada ya siku 41 za kula mizizi na wadudu na kunywa maji yanayodondoka. Waliosikia sauti zao walikuwa wachimbaji wenzao.

Geita inachokosa ni msimulizi. Witwatersrand ya Afrika Kusini, ilikogunduliwa dhahabu 1886, iliwavuta Wabasotho kwa maelfu, na hao wakatunga utanzu mzima uitwao lifela: nyimbo ndefu za msafiri anayejisifu na kujililia, anataja mito, vituo vya treni, mgodi, mke aliyebaki. Sisi tulikuwa na cha kulinganisha. Wapagazi wa Kinyamwezi walikwenda Bagamoyo wakiimba, na Wasukuma wana nyimbo za kulima zilizojaa majina ya njia. Katika mashamba ya mkonge ya Tanga uhamiaji ulianza kupoteza ulimi. Watu waliokwenda kule hatuwaiti kwa nchi walikotoka wala kwa walichokileta, tunawaita manamba, kwa namba waliyopewa. Geita imerithi namba. Ina kibao cha mthamini, ina namba ya leseni, ina pointi za mizani. Mbegha wake hajaandikwa, na Mrimba wake ndio kabisa.

Na kwa kuwa haki ni kupimana wote kwa kipimo kimoja, tujitazame tukiwa wageni. Wasukuma wenye mifugo wameshuka kusini tangu miaka ya ukame na kubanana, wakafika Rukwa, Usangu, Kilombero. Mwaka 2006 na 2007 walipoondolewa Ihefu na makundi yao, nasi tulilalamika, kwa sababu nzuri. Lakini ulizia namna tulivyopata maeneo huko. Mara nyingi ng'ombe kadhaa alipewa mwenyekiti wa kijiji, au fedha ikatolewa, na mfugaji akahesabu kwamba amemaliza. Akajenga mbali na wenyeji, hakuoa kwao, hakuzika nao, na ng'ombe wakaingia kwenye mpunga. Tukaitwa wavamizi. Ng'ombe yule alikuwa nguo. Babu zetu, waliompa mgeni kiti huku wameshika mguu wake, wangetushangaa kwamba tulipofika kwa watu hatukutafuta hata mtu wa kutushikia mguu wa kiti chetu.

Abdallah bin Hemedi hakuwa Mkilindi. Alikuwa mgeni Usambara, mtu wa kalamu aliyekaa na watawala, akasikiliza, akaandika alichosikia kwa Kiswahili ambacho hadi leo kinasomeka. Geita na Shinyanga zina walimu, makarani wa vijiji, vijana wenye simu zinazorekodi kutwa nzima. Wazinza wa umri wa miaka 80 wapo bado Sengerema na Geita. Wajukuu wa Warongo wapo, wengine wanafua nondo gereji. Kama una mzee wa namna hiyo nyumbani au jirani, nenda kabla ya msimu wa kulima, umuulize mambo matatu: shamba hili lilikuwa la nani, wa kwanza kuja alimkuta nani, na alimpa nini. Yaandike kwa jina lake na tarehe ya siku uliyoyasikia.